Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara: Simba, Nyumbu na Wenzao wa Serengeti

Kazi yangu ni kuongoza watalii Serengeti na Ngorongoro, na siku hizi wageni wangu wengi ni Watanzania wenzangu: wanafunzi, vikundi vya kanisa, familia zinazotoka Mwanza na Arusha wakati wa likizo. Wanauliza maswali mazuri, na mengi yanarudi palepale: anayekula na anayeliwa wameishije pamoja miaka yote hii bila mmoja kummaliza mwenziwe? Nimeyakusanya hapa, pamoja na majibu ambayo garini huwa sipati muda wa kuyamaliza.

Simba ni wengi, fisi ni wengi zaidi. Mbona nyumbu hawamaliziki?

Kwa sababu nyumbu anahama na simba hahami.

Serengeti ina nyumbu wapatao milioni 1.3 na simba kama 3,000. Ukiliona kundi limetanda Ndutu, kusini mwa Serengeti, mwezi wa pili, mpaka upeo wa macho ni migongo mitupu, utadhani simba wa pale wana shibe ya mwaka mzima. Hawana. Simba jike ana watoto, na watoto hawawezi kufuata kundi kwa mamia ya kilomita. Ana eneo lake pia, ambalo akiliacha wiki mbili tatu atakuta wengine wamelichukua. Kwa hiyo nyumbu wakianza kuelekea magharibi na kaskazini mwezi wa tano, yeye anabaki. Kuanzia hapo mpaka mvua zirudi anaishi kwa ngiri, nyati akiweza kumwangusha, swala mmoja mmoja, na siku nyingine hali kabisa. Watoto wa simba hufa njaa miezi hiyo, wala si mmoja wawili. Idadi ya simba inapangwa na miezi hiyo ya dhiki, ndiyo maana nyumbu wakirudi wanawakuta wawindaji wachache mno kwa ukubwa wa kundi lao.

Nyumbu mwenyewe hasafiri ili kumkwepa simba. Anafuata mvua, majani mabichi, na madini yaliyomo katika nyasi fupi za kusini, kwenye udongo wa majivu ya volkano. Usalama anaupata njiani. Makundi madogo ya nyumbu yasiyohama, kama yale ya Ngorongoro, hukaa na wawindaji wao mwaka mzima, na hayajawahi kufikia hata robo ya idadi ya wale wanaohama.

Kwa nini nyumbu huzaa wote kwa wakati mmoja?

Hili ndilo swali ninalolipenda kuliko yote.

Takriban asilimia 80 ya ndama huzaliwa ndani ya wiki mbili hadi tatu, kwa kawaida mwezi wa pili. Tunazungumzia ndama laki kadhaa. Simba ana tumbo moja, fisi ana tumbo moja, na siku yenye ndama elfu kumi na zaidi uwandani wawindaji wote wa eneo lile wakila hadi washindwe kuinuka bado watakuwa wamegusa sehemu ndogo tu. Ndama anayezaliwa kabla ya wenzake au amechelewa hana bahati hiyo, kwani yuko peke yake kati ya macho yote yanayotafuta ndama. Kizazi baada ya kizazi, mama waliozaa nje ya msimu walipoteza watoto, na waliozaa pamoja na wenzao wakabakiza uzao. Kalenda ya uzazi wa nyumbu imeandikwa na fisi.

Ukibahatika kuona mmoja akizaa, zima injini. Mara nyingi ni asubuhi. Mama analala, anainuka, anazunguka, analala tena. Unaona kwato mbili ndogo za rangi ya krimu zikitokeza ndani ya utando, kisha kichwa, kisha ndama anateleza mzimamzima na kuanguka majanini. Anatikisa masikio yaliyolowa. Anajaribu kusimama, miguu ya nyuma inainuka ya mbele inagoma, anaanguka kwa pua. Anajaribu tena. Kwa wastani ndani ya dakika saba amesimama, na punde anatembea akiyumba ubavuni mwa mama. Baada ya siku chache anakimbia sambamba naye. Mtoto wa mbwa nyumbani kwako, kwa siku hizo chache, macho hata hayajafunguka.

Swala tomi wanatumia njia nyingine kabisa. Mtoto wao hulazwa chini na kutulia kama jiwe, akiwa karibu hana harufu, mama akichunga mbali kidogo na kuja kumnyonyesha. Adui ni walewale, dawa mbili tofauti.

Basi nyumbu wengi huuawa na nini?

Njaa. Nyumbu waliokomaa wengi hufa kwa kukosa chakula cha kutosha mwisho wa kiangazi, na hata yule aliyeliwa na simba mara nyingi alikuwa ameshadhoofika.

Na mamba wa Mto Mara?

Picha za mamba ni kali, lakini mto wenyewe unaua kuliko mamba. Watafiti waliohesabu mizoga kwa miaka mingi walikuta kwamba kwa wastani nyumbu zaidi ya 6,000 huzama kila mwaka, wakikanyagana na kusombwa na maji. Mamba hula sehemu ndogo tu ya nyama hiyo. Tumbusi na korongo mfuko shingo hula nyingi kuliko wao, samaki wanapata chao, na mifupa hukaa mtoni miaka ikiachia fosforasi taratibu. Mwani unaoota juu ya mifupa hiyo huliwa na samaki pia, hata mwezi ambao hakuna nyumbu hata mmoja karibu.

Je, kila mnyama yuko katika hatari sawa?

Hapana, na ukubwa ndio unaoamua. Uchambuzi wa kumbukumbu za Serengeti za takriban miaka 40, uliochapishwa mwaka 2003, ulionyesha mstari karibu na kilo 150. Walao majani walio chini ya uzito huo, kama taya (aina ya swala mdogo), tohe, swala pala na nyamera, wengi huishia midomoni mwa wawindaji. Walio juu ya hapo hufa zaidi kwa njaa na maradhi. Tembo, kiboko na kifaru waliokomaa karibu hawana wa kuwagusa.

Sababu yake ni rahisi ukiifikiria. Dikidiki anawindwa na kila mtu: simba, chui, duma, mbweha, simbamangu, tai, hata chatu. Nyati anawindwa na simba, basi.

Hilo lilionekana wazi kaskazini mwa Serengeti miaka ya 1980, pale ujangili na sumu vilipopunguza sana wawindaji. Swala wadogo waliongezeka. Wawindaji waliporudi, swala wakapungua tena. Twiga hakujali, si walipoondoka wala waliporudi.

Duma ndiye mwenye mbio kuliko wote. Mbona hukosa mara nyingi?

Mwaka 2018 yalitoka matokeo ya utafiti uliofanyika Botswana, ambako simba, duma, pundamilia na swala pala walivalishwa kola zenye vipimo vya mwendo. Wawindaji walikuwa na kasi zaidi kwa asilimia 38, na uwezo wa kufunga breki zaidi kwa asilimia 72. Kwa hesabu hizo ungesema swala hana lake. Lakini swala anayekimbizwa mara nyingi hakimbii kwa kasi yake yote. Akienda mbio moja kwa moja, duma atajua atakapokuwa sekunde ijayo. Akipunguza kidogo anabaki na nafasi ya kukata kona ghafla, na kona ndiyo inayomwokoa.

Nimeona hivyo Namiri, upande wa mashariki. Duma jike alikuwa amelala kifudifudi nyuma ya kichuguu, mabega yamepanda juu ya shingo, akisogea mguu mmoja kila swala walipoinamisha vichwa. Ilipita karibu nusu saa. Alipochomoka, swala tomi mmoja alielekea kushoto, duma akamfuata kwa hatua ambazo jicho halizihesabu, mkia ukigeuka huku na kule kama usukani. Pale tulipodhani tayari, swala akakunja kona kulia kwa pembe kali, duma akapita moja kwa moja huku vumbi likipanda. Hakujaribu tena. Alikaa chini anahema, mbavu zinapanda na kushuka, na swala akasimama mita mia moja mbele akimtazama.

Duma ameigharamia mbio yake. Mwili ni mwepesi, taya ni dogo, na hawezi kupigania alichoua. Fisi mmoja akifika, duma huinuka akaondoka. Watoto wake ndio wanaoumia zaidi: utafiti wa mwishoni mwa miaka ya 1980 kwenye nyanda za Serengeti ulikuta kwamba chini ya mtoto mmoja kati ya kumi alifikia umri wa kujitegemea, wengi wakiuawa na simba.

Simba je, hukosa pia?

Sana. Akiwinda peke yake hufanikiwa kama mara moja katika majaribio matano au sita, wakiwa kundi inaongezeka. Hana pumzi ya mbio ndefu, kwa hiyo kazi yake yote iko kwenye kunyata mpaka abakize hatua chache. Wazee waliosema simba mwenda pole ndiye mla nyama walikuwa wamemtazama vizuri.

Kwa nini swala tomi hurukaruka badala ya kukimbia?

Mmeshaona: miguu yote minne imekakamaa, mgongo umepinda, mnyama anadunda kama mpira huku mbwa mwitu wanakuja. Anamwambia mwindaji, "Nitazame nilivyo mzima, usijisumbue." Na mwindaji anasikia. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 1988 ulionyesha kwamba mbwa mwitu huchagua kuwakimbiza swala wanaoruka kwa uvivu na kuwaacha wale wanaoruka kwa nguvu. Wote wawili wanafaidika, maana mbio ya bure inamchosha mkimbizaji na mkimbizwaji.

Fisi si mla mizoga tu?

Nawaomba tumwache huyu mnyama apumzike na lawama. Tangu miaka ya 1960, mtafiti Hans Kruuk alipokesha Ngorongoro na Serengeti akiwafuata fisi madoa, inajulikana kwamba sehemu kubwa ya chakula chao wanaiua wenyewe, wakikimbiza nyumbu na pundamilia kwa kilomita kadhaa. Ndani ya Ngorongoro mara nyingi kisa kilikuwa kinyume: fisi wameua usiku, simba wakasikia kelele wakaja kupora. Asubuhi mtalii akimkuta simba juu ya mzoga na fisi wamekaa pembeni, anapiga picha na kuondoka na hadithi iliyogeuzwa.

Fisi pia amepata jibu lake kwa uhamaji wa nyumbu. Mama fisi huacha watoto pangoni, akasafiri makumi ya kilomita hadi yalipo makundi, akala, akarudi kunyonyesha siku kadhaa baadaye. Maziwa yake ni mazito kuliko ya wengi wa walao nyama wa nchi kavu, na watoto wake wanaweza kukaa siku nyingi bila kunyonya. Nyumbu alihama, mwili wa fisi ukajipanga upya.

Milia ya pundamilia ni ya kumchanganya simba?

Nami nilifundishwa hivyo, nikawafundisha wageni hivyo kwa miaka. Ushahidi unaelekea kwingine: ni nzi wanaouma. Nchini Uingereza farasi walivalishwa mavazi yenye milia, na wale nzi wakashindwa kutua, wakawa wanapita au kujigonga. Kwa umbali ambao simba huanza kunyata, hasa usiku, milia hata haionekani vizuri.

Kifaru anawaachaje wale ndege mgongoni? Si wanamdonoa vidonda?

Wanamdonoa, ni kweli, na damu wanainywa. Lakini jina la ndege huyo kwa Kiswahili ni askari wa kifaru, na jina hilo lina habari. Kifaru haoni mbali. Watafiti nchini Afrika Kusini walijaribu kuwasogelea vifaru weusi kwa miguu: asiye na ndege alimtambua mtu akiwa karibu mita 27, mwenye ndege alimtambua akiwa mita 61. Ndege akipiga kelele, kifaru hugeuka kutazama upande ambao upepo unaelekea, ambako pua yake haiwezi kumsaidia. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka 2020, na waliomwita ndege huyu askari walikuwa wameshajua.

Mwindaji asipoua siku hiyo, bado ana kazi?

Ana kazi kubwa. Mnyama anayeogopa hali popote apendapo, na asipokula mahali, majani ya pale yanaota.

Laikipia, Kenya, swala pala hukwepa vichaka vizito ambamo chui na mbwa mwitu huvizia, wakachunga kwenye uwazi. Wanapenda migunga yenye miiba michache. Matokeo yake, kama utafiti wa mwaka 2014 ulivyoonyesha, migunga yenye miiba michache inastawi vichakani ambako pala hathubutu, na kwenye uwazi inabaki ile yenye miiba mingi. Unaweza kutembea pale na kuisoma hofu ya swala kwenye miti.

Gorongosa, Msumbiji, jambo hilo lilitokea kinyumenyume. Vita vya 1977 hadi 1992 vilimaliza karibu wanyama wote wakubwa, wawindaji pamoja nao. Pongo, ambaye kote tunamjua kwa kujificha, akaanza kutoka nje kwenye tambarare za wazi, akala vizuri na kunenepa. Watafiti walipoweka sauti na harufu za wawindaji, pongo wakarudi vichakani. Mbwa mwitu walirudishwa Gorongosa mwaka 2018.

Na anayewindwa, anambadilishaje mwindaji?

Ushahidi mkubwa tunao hapahapa, na ulianza na ugonjwa. Sotoka iliingia Afrika Mashariki karibu na mwaka 1890, ikaua ng'ombe kwa wingi usioelezeka, na Wamasai walikufa njaa pamoja na mifugo yao. Nyumbu na nyati nao walikufa, na ugonjwa ukaendelea kuwarudia kwa miongo. Ng'ombe wa pembezoni mwa hifadhi walipochanjwa, ugonjwa ulitoweka kwa nyumbu mwanzoni mwa miaka ya 1960. Nyumbu walikuwa kama 250,000 mwaka 1961. Kufikia 1977 walikuwa kama milioni 1.3.

Simba na fisi wakaongezeka, kwa sababu chakula kilikuwepo. Nyasi zikaliwa, moto wa kiangazi ukakosa cha kuchoma, na migunga michanga iliyokuwa ikiungua kila mwaka ikapata nafasi ya kukua. Miti mingi mnayopiga nayo picha imekua kwa sababu mtu alimchoma ng'ombe sindano. Mwaka 2011 sotoka ilitangazwa kuwa imetokomezwa duniani kote.

Nini humuua simba?

Simba mwenzake, binadamu, na vijidudu. Mwaka 1994 karibu theluthi moja ya simba wa Serengeti walikufa kwa ugonjwa wa virusi uitwao distempa, uliotokana na mbwa wa kufugwa. Ukame wa 1993 ulikuwa umewadhoofisha nyati wakajaa kupe. Simba walipowala walibeba vimelea vya damu, na virusi vilipofika vikawakuta wameshalegea. Anayekula mnyonge hula na unyonge wake.

Mwindaji akiletwa mahali ambapo hakuwepo?

Muulize mzee yeyote wa Mwanza, Musoma au Bukoba aliyekula furu akiwa mtoto. Ziwa Victoria lilikuwa na aina mamia za furu, visamaki ambavyo havikuwahi kukutana na mwindaji mkubwa wa aina ya sangara. Sangara alipandikizwa miaka ya 1950, akafumuka miaka ya 1980, na inakadiriwa aina kama 200 za furu zilitoweka. Viwanda vya minofu vikafunguliwa, watu wakapata fedha, sikatai. Dagaa, wanaozaa haraka na kukua haraka, walihimili. Sangara walipovuliwa sana, baadhi ya furu walirudi.

Nyumbu na fisi walipeana muda mrefu sana wa kuzoeana. Furu hawakupewa hata miaka hamsini.

Baharini nako ni hivyohivyo?

Ndiyo. Pwani ya Kenya, samaki waitwao kikande wakivuliwa mno, viumbe wale wa mviringo wenye miiba wanaozagaa miambani huongezeka, na wakiwa wengi wanaitafuna miamba ya matumbawe mpaka inamomonyoka. Ndani ya maeneo yaliyofungwa kwa uvuvi, kikande hurudi na kuwala.

Kwa nini simba huvamia mazizi?

Mara nyingi ni mvua. Wakati wa masika maji na majani yako kila mahali, mawindo yanatawanyika nje ya hifadhi, na simba anayafuata hadi kwenye ng'ombe. Upande wa Tarangire na Simanjiro wafugaji wanaijua miezi hiyo. Boma imara la miti hai na waya husaidia sana. Sumu kwenye mzoga ndiyo mbaya kuliko yote: inaua simba, inaua fisi, na inaua tumbusi kwa makumi, ndege ambao wangesafisha mizoga iliyobaki. Simlaumu mtu aliyepoteza ng'ombe wa karo ya mtoto. Namsihi ajenge boma, na sisi tunaokula kwa simba tumsaidie kulijenga.

Ndama aliyepotea anafuata gari letu. Tumsaidie?

Hapana, na ninajua inavyouma. Ndama aliyetengana na mama hufuata chochote kinachotembea, hata gari. Dereva aondoke polepole kuelekea mbali na ndama, ili arudi kwenye kundi, ambako mama yake anamtafuta kwa sauti.

Na kwa duma, msimbane. Maasai Mara, watafiti walikuta kwamba duma wanaoishi penye magari mengi walikuza kwa wastani mtoto 0.2 kwa uzao, na wanaoishi penye magari machache walikuza zaidi ya wawili.

Tuje mwezi gani?

Kwa ndama, mwishoni mwa mwezi wa kwanza hadi wa tatu mwanzoni, Ndutu. Kwa Mto Mara, mwezi wa saba hadi wa kumi. Njooni na darubini, moja kwa kila watu wawili, na mwambieni dereva mapema kwamba mko tayari kukaa mahali pamoja asubuhi nzima.